Sahihi ya mama yangu kwenye karatasi ya kokoto

Mama yangu akisaini haandiki kifupi kama sisi. Anaandika jina lote, herufi moja moja, ulimi umetoka kidogo pembeni ya mdomo, na akimaliza anaweka nukta. Alijifunza kusoma kwenye elimu ya watu wazima miaka ya sabini, yale madarasa ya jioni watu wakitoka shamba, na anasema mwalimu wao aliwaambia hiyo nukta ndo inafunga mlango, mtu asije akaongeza maneno yake nyuma ya jina lako. Kwa hiyo siku wakili wetu alipogeuza ile karatasi juu ya meza na kuuliza "kuna mtu anamjua huyu namba kumi na saba?" mi sikuhitaji hata kusoma jina. Niliiona nukta.

Karatasi yenyewe ilikuwa imeambatishwa kwenye kiapo kinzani, yaani majibu ya maandishi ya wenye machimbo tuliokuwa tumewapeleka mahakamani, na kichwa chake kilisema hii ni orodha ya wakazi walioridhia shughuli za uchimbaji wa mawe karibu na makazi yao. Walioridhia! Mama yangu huyu ambaye kila baruti ikipigwa anatoka nje ameshika sufuria.

Ngoja nirudi nyuma kidogo.

Mtaa wetu uko pembezoni mwa Mwanza, sitautaja, na wanaokaa huko wataujua tu. Kama hujawahi kufika Mwanza, mji huu tumeujenga katikati ya mawe na juu ya mawe. Watu wakisikia Rock City wanafikiria lile jiwe la Bismarck pale ziwani ambalo kila mgeni lazima apige nalo picha, lakini nenda Mabatini, Igogo, Isamilo, uangalie nyumba zilivyopachikwa kwenye mawe ukubwa wa basi, choo cha jirani kiko usawa wa bati lako. Sisi jiwe halitutishi. Na kokoto kwetu sio kitu kigeni, kile kilima chetu nimekikuta kinagongwa tangu nikiwa mtoto, akina mama wanakoka moto juu ya mwamba, siku nyingine kwa matairi mabovu, jiwe likishika joto linapasuka lenyewe, afu wanakaa chini ya kivuli cha turubai na nyundo, wanagonga mpaka jioni, wanauza kwa ndoo. Mama Doto aliyesomesha watoto watano kwa ile nyundo bado yupo, kidole chake cha shahada cha mkono wa kushoto hakina kucha miaka mingi sasa. Hakuna aliyewahi kwenda mahakamani kwa sababu ya Mama Doto.

Kilichobadilika ni mwaka 2021 hivi. Mwanza ilikuwa inajengwa kila upande, daraja la Kigongo–Busisi lilikuwa linaendelea, reli ya SGR kipande cha Mwanza–Isaka kilomita 341 ikawekewa jiwe la msingi mwezi wa sita mwaka huo, na hapohapo kila mtu mwenye kiwanja anataka kumwaga jamvi. Sisemi mawe yetu yalienda kwenye hiyo miradi, sijui yalienda wapi na haikuwa hoja yetu. Nasema tu kokoto ikawa dili. Wakaja watu na leseni, wakaleta krasha la kusagia mawe, kompresa na mashine ya kutoboa mwamba, wakajenga uzio wa mabati upande mmoja (upande wa barabarani tu, ule unaoonekana, upande wetu wakaacha wazi) na baada ya miezi miwili tukasikia baruti ya kwanza.

Sijui nieleze vipi baruti kwa mtu ambaye hajaisikia akiwa amelala. Mlio wenyewe unakuja wa pili. Kwanza ardhi inapiga kwa chini, kama mtu ameipiga teke sakafu kutokea ndani, ndo mlio unafuata, afu kinakuja kimya, afu unaanza kusikia vijiwe vinashuka kwenye mabati tik tik tik. Kuku wa mama walikaa wiki nzima hawatagi. Siku ya tatu au ya nne jiwe la ukubwa wa ngumi likatoboa bati la jikoni kwa jirani yetu, likatua kwenye beseni la michembe, vile viazi vitamu vikavu, aliyokuwa ameiloweka. Saa nne asubuhi, watoto wako shule. Ingekuwa jumamosi wangekuwa palepale.

Tukaanza mzunguko ule ambao kila Mtanzania anaujua. Mwenyekiti wa mtaa akasema ameshapeleka kata, kata wakasema ni suala la wilaya, ofisi moja ikatuambia mazingira ni ya wale, wale wakatuambia leseni sio yao, rudi jumanne, mhusika yuko semina, andikeni barua, barua yenu haina kumbukumbu namba. Miezi saba. Nilitumia nauli ambayo ningenunulia bati lote la jikoni la yule jirani na chenji ikabaki.

Katika hiyo miezi saba kuna mtu mmoja tu aliyekuwa anafanya kazi ya maana na sisi tulikuwa tunamcheka. Mwalimu. Ni mwalimu mstaafu, alifundisha hesabu, anatembea na daftari la kaunta buku lililofungwa na raba ya tyubu ya baiskeli. Alikuwa anaandika kila mlipuko: tarehe, saa, king'ora kimepigwa au hakijapigwa, mawe yamefika wapi. Afu alifanya kitu ambacho mi sikukielewa mpaka baadaye sana, alipita nyumba kwa nyumba kwenye nyufa, anaweka kipande kidogo cha plasta ya saruji kukatisha ufa, kama bandeji, kabla haijakauka anachora tarehe kwa msumari. Ufa ukiwa umelala hauendi popote ile bandeji inakaa nzima. Ufa ukitembea, bandeji inapasuka. Basi anarudi baada ya wiki mbili na tochi, anaangalia, anaandika. Kwa mama yangu aliweka tatu: moja chumbani, moja juu ya dirisha la sebule, moja kwenye kona ya jikoni ambako ufa unapanda kama ngazi ukifuata viungo vya tofali. Mbili zilipasuka. Mama alikuwa anamwona kama anamharibia ukuta, akawa anampa chai basi tu kwa heshima.

Umuhimu wake niliuona walipokuja na injinia wao. Injinia alikuwa kijana mpole na alichosema hakikuwa uongo wote: nyumba zenu nyingi hazina lenta, zingine tofali zimejengewa udongo, msingi umekaa nusu juu ya mwamba nusu juu ya kifusi, nyumba kama hizo zinapasuka zenyewe hata bila baruti. Ni kweli bwana. Nyumba ya mama aliijenga marehemu baba kwa awamu tatu na mafundi watatu, kila mmoja analaumu aliyemtangulia. Na mtetemo wa baruti kitaalamu unapimwa kwa mashine, kwa milimita kwa sekunde, na kazi ikifanywa kwa utaratibu mzuri nyumba za karibu zinakaguliwa na kupigwa picha kabla ya mlipuko wa kwanza, ili baadae kila ufa ujulikane ni wa lini. Kwetu hakuna aliyepita kukagua. Sasa bila ule ukaguzi unathibitishaje? Hapo ndo likatoka daftari la Mwalimu na bandeji zake zenye tarehe.

Nikubali kitu hapa kwa sababu nisipokubali kuna mtu wa mtaani atakiandika chini: mi mwenyewe nilinunua kokoto pale. Tripu moja, 2022, ya kumalizia jamvi la banda la uani. Ilikuwa bei nzuri. Mama Doto hakunisemesha mwezi mzima na alikuwa na haki, maana krasha lilipokuja ndoo yake ikawa hainunuliki, nani anunue ndoo kwa ndoo wakati tipa linamwaga mlangoni. Na vijana wa mtaa walipata vibarua vya kupakia. Kuna nyumba mama yuko upande wetu na mtoto anavaa kofia ngumu ya upande wa pili, wanakula ugali meza moja. Kwa hiyo mtu akikwambia wananchi wote walisimama kama mtu mmoja, huyo hakuwepo.

Wakili tulimpata kupitia msaada wa kisheria, dada mdogo tu, nilipomwona mara ya kwanza nilidhani ni karani. Kitu cha kwanza alichofanya ni kutaka futi kamba. Sio barua zetu za malalamiko, futi kamba ya mita 50. Tukapima kutoka ukingo wa shimo mpaka ukuta wa mama: mita 118. Jirani wa bati lililotobolewa: mita 96. Afu akatufungulia Sheria ya Madini ya 2010, kifungu cha 95 (namba nazozitaja ni za wakati ule wa kesi yetu), kinasema mwenye leseni asifanye kazi zake ndani ya mita 200 kutoka nyumba inayokaliwa na watu mpaka awe na ridhaa ya maandishi ya mkaaji halali. Maandishi. Sio ridhaa ya mwenyekiti, sio ya mkutano, ya mkaaji. Kuna mlango mdogo, Waziri anaweza kuondoa hilo hitaji kama ridhaa inanyimwa bila sababu ya msingi, lakini hata huo mlango hakuna aliyekuwa ameugonga. Na kokoto, kwa wale mnaodhani madini ni dhahabu na almasi tu, kisheria ni madini, wanaita madini ujenzi, leseni yake ni ya madini kabisa.

Yaani sheria ilikuwa imekaa pale tangu 2010, na sisi miezi saba tunazunguka na barua za "tunaomba mtusaidie".

Akatuonyesha na ile ya mazingira, ya 2004. Kifungu cha 4 kinasema kila mtu anayeishi Tanzania ana haki ya mazingira safi, salama na yenye afya, cha 5 kinasema unaweza kwenda kuidai, na cha 81 kinataka tathmini ya athari kwa mazingira ifanyike kabla mradi haujaanza. Na kwenye tathmini lazima wananchi washirikishwe. Kumbuka hilo neno, kushirikishwa, ndo lililomla mama yangu.

Kufungua kesi sasa. Tulikuwa kaya 63. Huwezi watu 63 wote mkawa wadai mnaotajwa mmoja mmoja, ama unaweza lakini utachoka, kwa hiyo mnaomba mahakama iwape ruhusa watu wachache wawawakilishe wengine, kesi ya uwakilishi, ipo kwenye kanuni za mashauri ya madai amri ya kwanza kanuni ya nane. Tulikuwa na haraka, na kabla ya huyu dada kuna mtu mwingine alitusaidia, akafungua bila hiyo ruhusa, afu akaiunganisha halmashauri bila kutoa notisi ya siku 90 ambayo lazima uitoe kabla hujaishtaki serikali, na tangu marekebisho ya 2020 ukiishtaki halmashauri unamuunganisha na Mwanasheria Mkuu wa Serikali na unaenda Mahakama Kuu. Upande wa pili wakaleta pingamizi la awali, kwamba kesi imefunguliwa kinyume na utaratibu. Dakika ishirini. Imeondolewa. Mtaani ikasambaa "imetupwa, wamehongwa", watu wakaanza kudai michango yao. Kumbe kuondolewa sio kufutwa, ikiondolewa unarekebisha unarudi, lakini nenda kamwelezee hilo mzee aliyeuza mbuzi achangie.

Siku 90 za kusubiri na baruti inaendelea, utafanyaje? Hapo dada wakili akaja na jina ambalo mpaka leo watoto wa mtaa wanalitania: Mareva. Ni maombi ya zuio unayopeleka kabla kesi yenyewe haijafunguliwa, wakati notisi inahesabika, jina limetoka kwenye kesi ya mambo ya meli huko Uingereza 1975. Kwenye kikao cha mtaa akaeleza vizuri kabisa, akamaliza, mzee mmoja akanyoosha mkono: "sasa huyu Mareva tumlipe shilingi ngapi, na yeye ni wakili wa wapi?"

Ili upewe zuio kuna mambo matatu mahakama zetu zinaangalia tangu kesi ya Attilio na Mbowe ya 1969: je kuna hoja ya kweli ya kubishaniwa, je usipopewa utaumia kwa namna ambayo pesa haiwezi kurudisha, na je nani ataumia zaidi kati yenu. La pili ndo lilikuwa vita. Wakili wao akasimama, mtu mzima, sauti nzuri, akasema mheshimiwa jaji ufa ni saruji na mchanga, unalipika, hata sasa hivi tunaweza kufanya hesabu. Wa kwetu akasema ufa ndio, pafu je? Mawe yetu ni ya itale, yana silika, vumbi lake laini lile usiloliona ndo linalokaa kwenye mapafu na kuyakakamaza, silikosisi, haina dawa ya kuirudisha nyuma, na inamfungulia TB mlango. Na jiwe lililoingia kwenye beseni la michembe, likiingia kwenye kichwa cha mtoto tutafanya hesabu gani.

Lugha ilikuwa Kiswahili, tangu sheria ilivyobadilishwa 2021. Watu wanaidharau hii lakini mi nilikuwa nimekaa na mama kwenye benchi la nyuma na mama alikuwa anaelewa kila kitu, mpaka anaguna.

Ndo wakaleta ile orodha. Majina 74. Yameridhia.

Jioni ile tukakaa ofisini kwa wakili tunaipekua. Mama alikuwa amenyamaza tangu mahakamani. Wakili akamsogezea, "mama, hii ni sahihi yako?" Mama akaivuta karibu, akavaa miwani, akasema "ni yangu. Lakini hii karatasi haikuwa na haya maneno ya juu." Nikamuuliza sasa ilikuwaje, akasema kulikuwa na mkutano shuleni, walikuja watu na gari nyeupe wanauliza mnafikiri nini mradi ukija, sisi tukasema vumbi, tukasema maji, tukasema watoto, wao wanaandika, mwishoni wakagawa soda na nauli elfu tano tano na kila anayechukua anasaini. Nikamuuliza mama soda gani, sijui kwa nini niliuliza hivo, nilikuwa nimepandisha hasira halafu sina wa kumpelekea. Akasema ya machungwa, ilikuwa ya moto.

Tukaangalia vizuri. Ukurasa wa kwanza una kichwa na majina kumi. Kurasa zinazofuata hazina kichwa, zina safu tu: namba, jina, simu, sahihi, kiasi. Kiasi. Na kote imeandikwa 5,000. Wakili akaweka kidole pale kwenye "kiasi" akaanza kucheka, cheko la mtu aliyechoka, akasema hawa wanataka kusema mliridhia na mkalipwa fidia, kumbe wameacha safu ya nauli. Yaani ile orodha ya mahudhurio ya ushirikishwaji, iliyotakiwa kuonyesha wananchi waliulizwa, imetolewa huko ikaja kufanya kazi ya ridhaa ya kifungu cha 95. Ile nukta ya mama imefunga mlango wa nyuma, wao wameingilia juu.

Afu Mwalimu akaichukua akaanza kuisahihisha kama mtihani. Namba 31 alikuwa kijana wa kidato cha pili, alikuja kwa ajili ya soda. Namba 40 mpaka 44 hawaishi mtaa wetu kabisa, walikuwa wamekuja msibani. Wapangaji kumi na kitu ambao walishahama. Na kati ya nyumba 22 tulizozipima na futi kamba ziko ndani ya mita 200, kwenye orodha yote walikuwepo wenye nyumba tisa tu. Tisa, na mama yangu mmojawapo.

Zuio tulipata nusu. Mahakama ikasimamisha baruti mpaka mambo yasikilizwe, krasha likaachwa liendelee kusaga mawe yaliyokwisha lipuliwa. Watu wakashangilia, mi nilikuwa naangalia vijana wa kupakia waliokuwa wamesimama ng'ambo ya barabara, hawakuwa wanashangilia.

Sasa kurudi kuomba ruhusa ya uwakilishi, safari hii kwa utaratibu, inatakiwa nini? Orodha ya majina na sahihi za wote wanaowakilishwa! Nenda mtaani na karatasi yenye safu baada ya kilichotokea uone. Watu waliokuwa mstari wa mbele walijificha uvunguni. Mama mmoja alinifungulia mlango, akaona peni, akafunga. Mzee aliyeuza mbuzi akasema "mjukuu wangu, mimi nakuunga mkono kwa moyo, sio kwa wino." Ilituchukua wiki tatu, nyumba kwa nyumba, na ikabidi kila ukurasa uwe na kichwa kimeandikwa kwa maandishi makubwa na mistari mitupu tunaikata kwa rula mbele ya macho yake. Kati ya kaya 63 tukapata 51.

Ya kwenye kesi kubwa nitayapitisha haraka kwa sababu kesi ni kuahirishwa: kutajwa, kutajwa, jaji yuko kwenye vikao, wakili amefiwa, kutajwa. Kilichonibakia kichwani ni kesi mbili wakili alizokuwa anazipenda. Moja ya Wales 1957, Attorney General dhidi ya PYA Quarries, machimbo ya mawe kabisa, vumbi na mtetemo na mawe yanaruka, wenye machimbo wakasema hii inawasumbua watu wachache sio umma, mahakama ikasema ikishaenea kiasi kwamba huwezi kutegemea mtu mmoja peke yake aibebe, hiyo ni kero ya umma. Haitufungi huku, ya Waingereza inayotufunga ni ile ya kabla ya tarehe 22 Julai 1920, lakini jaji anaweza kuisikiliza. Ya pili ya kwetu. Watu wa Tabata, Dar, mwaka 1988 walilishtaki jiji kwa dampo, moshi na uvundo, wakashinda, jiji likaomba kuongezewa muda wa kuendelea kumwaga, likakataliwa. Ni ushindi mtamu, wakili alikuwa akiisimulia anasimama. Halafu taka zilienda wapi? Zilihamia Kunduchi Mtongani. Na watu wa huko nao wakaenda mahakamani, Festo Balegele na wenzake zaidi ya mia saba, shauri namba 90 la 1991, nao wakashinda, na mahakama ikasema kuwamwagia watu taka za hatari ni kuvunja haki ya kuishi ya ibara ya 14 ya Katiba. Mi nilivosikia mara ya kwanza nilishika hiyo ya Katiba. Hiyo ya kuhamia sikuishika.

Tuliishia kwenye usuluhishi. Kuna waliotaka tupigane mpaka hukumu, Mwalimu wa kwanza, lakini watu walikuwa wamechoka, na michango ilikuwa imekauka. Makubaliano yakaandikwa, yakasajiliwa mahakamani yakawa amri: hakuna baruti ndani ya mita 200 bila ridhaa ya kila mwenye nyumba kwa jina lake na kwa karatasi yake peke yake, taarifa siku moja kabla, king'ora mara mbili, jumamosi na jumapili hakuna, krasha limwagiwe maji, na mthamini apite kwenye nyufa. Daftari la Mwalimu ndo lililotumika kama msingi wa uthamini, ufa uliokuwa na bandeji iliyopasuka ulihesabika, ambao haukuwa nayo ukawa mjadala. Mama alipata laki nne na themanini. Kuna aliyepata laki tisa na kuna aliyepata sifuri na hasalimiani na aliyepata laki tisa. Jirani wa michembe alibadilishiwa bati, moja, jipya linang'aa katikati ya yale ya zamani.

Mwalimu alikataa kuchukua zake. Alisema angesaini mapokezi siku wakimwonyesha ile tathmini ya mazingira yote, kurasa zote, sio ukurasa wa majina. Mpaka leo.

Na mita 200 ni mita 200. Kilima kina pande mbili. Shimo la upande wetu limesimama, limejaa maji ya mvua, wanangu nimewapiga marufuku kulisogelea. Mashine ya kutoboa ilizunguka ikaenda upande wa pili, kwa majirani zetu wa kule bondeni, ambao wakati sisi tunahangaika walikuwa wanatuambia mna kelele. Sasa baruti tunaisikia kwa mbali, kama mlango wa lori unafungwa, na kuku wanataga.

Mwezi uliopita walikuja watatu kutoka huko, jumapili baada ya ibada. Mwangaluka, mwangaluka, wakakaribishwa, wakakaa. Walikuwa wanataka kuazima daftari la Mwalimu waone linaandikwaje, na walikuwa na karatasi, wanaomba watu wa upande wetu waliopitia haya mambo wasaini kwamba wako tayari kuja kutoa ushahidi. Mi nikawa naangalia chini kwa sababu nilikuwa nafikiria Tabata. Mama akasema leta. Akavaa miwani, akanipa mimi nisome kichwa kwa sauti, nikasoma, akasema soma tena, nikasoma tena. Jina la kwanza lilikuwa halijaandikwa, na mgeni alikuwa ameacha nafasi kama vidole vitatu kati ya kichwa na mstari wa kwanza. Mama hakuandika kwenye mstari. Aliandika jina lake lote pale juu, limegusana na maneno ya kichwa, akaweka nukta, akamrudishia peni yule mgeni, akaenda kuangalia chai.